Mbegu Mbili za Tunda Moja

Katusiime alifunga mapazia yote ya sebule ya baba yake, na bado mwanga wa mchana ulipata upenyo pembeni ukaangukia goti la Mucyo. Akalitazama lile goti. Kisha akatazama ukuta. Nyumbani kwa baba yako humkodolei mwanamume macho, hata kama Jumamosi inayokuja watu wake wanaleta posa na nusu ya kijiji cha Nyakasimbi imeshajua nani atapika.

Ilikuwa Jumapili. Watu walikuwa wametoka kanisani, wamekula ndizi na maharage, mvua imeanza kunyesha halafu ikaghairi. Mzee Leonadi, baba yake Katusiime, alikaa kwenye kochi la peke yake akiwa bado na koti la ibada. Shangazi Salvina, dada yake Leonadi, alikataa kochi akakaa mkekani, miguu ameinyoosha, anatafuna kahawa kama kawaida yake, zile zinazochemshwa na majani kisha zikaanikwa. Alikuwa nazo kwenye fundo la kanga na hakumpa mtu.

Katikati, juu ya stuli, ilikuwa kompyuta ya Mucyo.

"Mimi nimezoea sinema ambazo watu wanapigana," Shangazi alisema. "Humu wanapigana?"

"Hawapigani, shangazi."

"Wanaimba?"

"Hawaimbi."

"Sasa wanafanya nini?"

Mucyo alifikiri. Alikuwa kijana wa kufikiri kabla ya kujibu, na hilo ndilo lililomvuta Katusiime tangu siku ya kwanza, alipokuja kwenye cherehani yake pale Kayanga kushonewa mkoba wa kamera, akakaa kimya mpaka yeye akadhani ni bubu.

"Wanangoja," Mucyo akasema mwishowe.

"Basi itakuwa ndefu." Shangazi akaongeza kahawa mdomoni.

Mzee Leonadi ndiye aliyeitaka siku hiyo. Alikuwa amesema kwamba kabla hajampa mtu binti yake anataka aione kazi anayofanya huyo mtu, aione kwa macho. Mucyo alikuwa anapiga picha za harusi Karagwe yote mpaka Kyerwa kwao, na angeweza kuleta harusi yoyote, watu wamependeza, keki inakatwa, kila mtu akafurahi akaenda zake. Katusiime alimsihi alete harusi ya yule mwalimu wa Nyakahanga, ile yenye ngoma. Alimsihi kwa simu, akamsihi tena Ijumaa uso kwa uso. Hakusema kwa nini. Mucyo akasema hapana, harusi ni kazi ya tumbo, na baba ameomba kuona kazi yake. Akaja na filamu yake mwenyewe, ile fupi, ambayo hakuna aliyemlipa kuitengeneza.

Kabla ya kuiwasha alieleza kidogo. Ilikuwa hadithi ya mchezo wa jukwaani, wa zamani sana, wa nchi za watu. Aliukuta sekondari, mwalimu mmoja akiwachezesha kila mwaka na mataji ya karatasi, na yeye Mucyo aliwekwa mlinzi wa mlango, ana mkuki wa mti na hana hata neno moja la kusema. Binti wa mfalme anampenda mateka wa vita. Mfalme anatangaza kwamba atakayemfungua mateka atakufa. Binti anamfungua. Mwisho wanakunywa sumu, kikombe kimoja, wanakufa, mapazia yanafungwa, wazazi wanapiga makofi.

"Miaka yote ile nimesimama mlangoni na mkuki," Mucyo alisema, "nilikuwa najiuliza mbona wanasema maneno mengi hivyo. Watu wanaopendana na wanaogopa hawasemi. Nikasema siku moja nitaufanya bila maneno."

"Na bila kuigiza," Katusiime akadakia, kwa sababu alilijua hilo kwa moyo.

"Na bila kuigiza. Sikutaka mtu ajifanye. Nilimwambia kila mmoja, usiigize, fanya tu."

Mzee Leonadi akatikisa kichwa, si kwa kukubali wala kukataa. Huyu mzee, lazima tuseme, alikuwa amemkataa Mucyo masika yote. Hakumkataa kwa chuki. Alimkataa kwa swali moja alilomuuliza binti yake jikoni: babu yake Mucyo alivuka kutoka Rwanda, baba yake Mbonimpa alilima mashamba ya watu mpaka akafa, mama yake Gloriose bado anavuna kahawa za watu kule Kyerwa, hawana kibanja, hawana mgomba mmoja wa kwao. "Ukifa atakuzika wapi?" Mtu wa pale akisikia swali hilo anajua ni zito. Mtu anazaliwa kwenye kibanja, anakula kibanja, anazikwa kwenye kibanja, katikati ya migomba na mibuni, na watoto wanapita hapo kila siku wakienda kuchota maji.

Kiangazi ndicho kilichombadilisha. Mzee alilazwa, akapasuliwa ngiri, na Mucyo akawa anakuja wodini na uji wa chupa, anakaa, anamsomea Biblia akiombwa, hasemi lolote juu ya Katusiime. Siku anaruhusiwa mzee akamwambia: leta watu wako.

Sasa filamu ikaanza.

Hapakuwa na mfalme. Palikuwa na kiti cha plastiki cha bluu, kitupu, kimewekwa juu ya kichuguu, na kila kilipoonekana zilisikika sauti za watu wa mnada wakibishana bei. Hapakuwa na jeshi. Badala yake ng'ombe wenye pembe ndefu walikuja kutoka ukungu wa nyikani, mmoja mmoja, wengi, wakaziba njia yote, na vumbi likafunika kamera. Shangazi aliacha kutafuna. Mzee akasogea mbele kidogo.

Wapenzi wenyewe hawakuonekana nyuso. Ilionekana shingo. Yalionekana mabega mawili yamepishana mlangoni, hayakugusana. Ilionekana mikono ya mwanamke ikimenya ndizi, utomvu ukiwa mweusi kwenye vidole, na mkono wa mwanamume umefungwa kamba ya mkonge kwenye mgomba. Kamba ikafunguliwa polepole sana, na kwa muda wote huo hakuna sauti isipokuwa majani ya migomba yakisuguana.

Katusiime aliijua kila picha. Alijua kinachokuja. Alimtazama Mucyo, na Mucyo, bila kugeuza kichwa, akajua anatazamwa. Sikio lake liliwaka.

Kikaja kipande cha mwisho. Hapakuwa na kikombe wala sumu. Mkono wa mwanamke ulikuwa na damu kidogo penye kidole cha shahada. Ukachuma tunda la kahawa, jekundu, ukalibinya, zikatoka mbegu mbili. Mbegu zikalala kwenye kiganja chenye damu. Mkono wa mwanamume ukaja, nao umechanjwa juu ya kifundo. Kila mmoja akachukua mbegu moja, akaipaka damu yake, akamlisha mwenzake. Ikaonekana midomo tu. Ikaonekana koo la mwanamke likipanda na kushuka.

Kisha migomba. Kisha giza.

Mtu wa kwanza kusema alikuwa Mzee Leonadi, naye alisema ng'ombe wale walikuwa wazuri, ni wa nani. Mucyo akaanza kujibu. Shangazi Salvina akainua mkono.

"Hiyo mikono," akasema. "Wa kike ni wa huyu. Nimemwogesha mimi, naujua. Wa kiume ni wa nani?"

Mucyo akasema ni wake. Kijana aliyepangwa hakutokea siku hiyo, simu imezimwa, ikabidi asimame yeye, kamera ikawekwa kwenye miguu yake mitatu, wakawa wawili tu kule kwenye kibanja cha shangazi mwenyewe, siku shangazi alipokwenda msibani.

"Na damu?"

"Ya kweli, shangazi. Katusiime alijikata na kisu cha ndizi kwa bahati mbaya. Nilipoona vile nami nikajichanja. Nilitaka kitu cha hapa kwetu badala ya kikombe. Mzee mmoja kule Kyerwa aliniambia zamani watu wakitaka kutoachana walikula kahawa na damu. Nikaona ni kizuri kuliko sumu. Sumu inawatoa duniani. Hii inawafunga."

"Akakwambia inaitwaje?"

"Omukago."

"Akakwambia na mengine?"

Mucyo alisema hapana. Hakuwa ameambiwa mengine. Alikuwa ameuliza nusu, akafurahi, akaenda.

Shangazi Salvina alifungua fundo la kanga, akaitazama kahawa yake, akaifunga tena. Akaeleza taratibu, kama mtu anayemweleza mtoto wa watu njia ya kwenda hospitali. Omukago si urafiki. Watu wakishakula damu ni ndugu wa tumbo moja. Nyumba ya huyu ni ya yule. Msiba wa huyu ni wa yule. Watoto wa huyu hawaoani na wa yule, sembuse wenyewe. Babu yake Katusiime alikula na mtu wa upande wa pili wa kilima, na mpaka leo hakuna msichana wa nyumba hii aliyeolewa kule, wala hataolewa, ingawa wale waliokula wameshaoza.

"Kwa hiyo, waitu jamani, Jumamosi hao watu wanakuja kuposa nini?" akamaliza. "Mtu anaposa dada yake?"

Mzee Leonadi alisema huo ni ushamba, wao ni watu wa kanisa. Sauti yake ilikuwa ya mtu anayejaribu mlango kuona kama umefungwa. Shangazi akamjibu kwamba yeye pia ni wa kanisa, na anaimba sauti ya kwanza, lakini aende basi akamwoze mtoto wake kwenye ile nyumba ya kilimani kama ni ushamba. Mzee akajaribu mlango mwingine: omukago ulikuwa wa wanaume, tangu lini wanawake wakala?

"Tangu walipoletewa kamera," Shangazi akasema.

Ndipo likatokea jambo ambalo Katusiime hakulitegemea. Baba yake alimgeukia Mucyo, akamtazama muda mrefu, na uso wake ukalegea. Ulikuwa uso wa mtu aliyekuwa amebeba gunia, mtu mwingine akampokea. Alimpenda huyu kijana. Tatizo lake lilikuwa kumpenda kama mkwe, na sasa hakulazimika.

"Basi sikiliza," mzee akasema. "Mimi sina mtoto wa kiume, unajua. Kama ndivyo ilivyo, ndivyo ilivyo. Mkwe nimemkosa. Lakini ule upande wa chini, penye mikaratusi, panatosha nyumba na migomba ya kuanzia. Mama yako umlete. Mtoto wangu wa kiume hakosi mahali pa kuishi, na hakosi mahali pa kulala akifa."

Katusiime aliona macho ya Mucyo yanajaa maji. Hakuna mtu aliyewahi kuwaambia maneno hayo, si yeye, si baba yake Mbonimpa, si babu. Vizazi vitatu vya nyumba moja vimeishi kwenye ardhi ya watu wengine, na leo mtu amesema: hapa ni pako.

Na kwa sababu aliyaona yale machozi, Katusiime akaogopa.

Shangazi Salvina hakuwa amemaliza. Alisema mambo haya hayakatwi kwa kuangalia picha. Picha inaweza kudanganya. Watu wanakufa kwenye sinema halafu unawakuta stendi Kayanga wanakula chipsi. Kwa hiyo atauliza, na atauliza mara moja tu, kila mtu kwa zamu yake, na wajibu kama mbele ya madhabahu.

"Mlipokula ile kahawa," akasema, "mlikuwa mnaigiza, au mlikuwa mnafanya kweli?"

Kuku walisikika nje. Mahali fulani bodaboda ilipanda kilima ikihema.

Lilikuwa swali dogo, na Katusiime aliona pande zake zote kwa mara moja. Akisema niliigiza, Jumamosi ipo. Akisema ilikuwa kweli, basi mwanamume huyu ni kaka yake mpaka kaburini, atakuwa anamwona kila siku penye mikaratusi, atamwona akioa mtu mwingine. Na kusema niliigiza ni kumwambia Mucyo mbele ya watu kwamba ile siku, mimi na wewe tukiwa peke yetu, nilikuwa najifanya.

"Anza wewe," Shangazi akamwambia Mucyo.

Mucyo alifikiri. Safari hii Katusiime alitamani angekuwa mtu wa kujibu haraka. Alimtazama kwa nguvu zake zote. Alimsihi kwa macho, sema, sema tu, neno moja. Mucyo akamtazama naye, na ulikuwa mtazamo uleule wa siku ile kwenye mibuni, usio na mlango wa kufunga.

"Shangazi, mimi siwezi kuigiza," akasema. "Nilimaanisha."

Mzee Leonadi akashusha pumzi. Shangazi hakumtazama Mucyo tena. Alimtazama mtoto aliyemwogesha.

"Na wewe?"

"Niliigiza," Katusiime alisema.

Alisema vizuri. Sauti haikutetemeka. Akaongeza kwamba alikuwa amechoka siku ile, kidole kinauma, jua linaelekea kuzama na Mucyo anataka kipande kiishe, akafanya alivyoambiwa, kama anavyoshona nguo ya mteja hata kama yeye mwenyewe haipendi.

Shangazi alimkazia macho. Kisha akajikunja, akasimama, akakung'uta kanga.

"Omukago unaliwa na wawili," akasema. "Wa mtu mmoja haupo. Leonadi, watu wako wa Jumamosi waje." Akaelekea mlangoni, akafungua pazia, mwanga ukaingia wote, wakawa wanne wanafinyafinya macho. "Lakini hicho kipande, kijana, ukikionyesha Dar es Salaam ni shauri lako. Hapa Karagwe usikionyeshe. Hapa kuna watu wanaojua kusoma."

*

Walitembea kwenda barabarani, Mucyo anasukuma pikipiki bila kuiwasha, Katusiime upande wa pili wake. Njia ilikuwa nyekundu na laini kwa ile mvua iliyoghairi. Walipopita watu Katusiime alisalimia, shikamoo, shikamoo, na watu wakaitikia kwa furaha ya watu wanaotarajia kula pilau Jumamosi.

Walipofika kwenye kona, ambako migomba inaficha nyumba, Mucyo alisimama.

"Kweli uliigiza?"

"Umesikia."

"Nimesikia. Nakuuliza."

"Na mimi nikuulize," Katusiime akasema. Hakuwa amejua kwamba ana hasira mpaka iliposhika sauti yake. "Ulimaanisha, au uliona penye mikaratusi?"

Mucyo aliegesha pikipiki kwa stendi yake. Ilimchukua muda, stendi ilikuwa inazama kwenye tope, akatafuta jiwe, akaliweka chini. Alipoinuka uso wake ulikuwa umebadilika.

"Hilo umelitoa wapi?"

"Nimekuona. Ulilia."

"Nililia, ndiyo. Baba yangu tulimzika kwenye shamba la mtu, Katusiime. Mwenye shamba akauza. Mama akitaka kwenda kaburini anaomba ruhusa kwa mtu asiyemjua. Mtu akiniambia kuna mahali pangu, nisilie?"

Katusiime alitazama chini. Aliyajua hayo, alishaambiwa, lakini yalikuwa yamesemwa siku nyingine kwa sauti nyingine.

"Lakini kahawa sikuila kwa ajili ya ardhi," Mucyo akaendelea. "Wakati ule baba yako hata salamu yangu hakuitika. Niliila kwa sababu ulikuwa mbele yangu. Na leo nimekaa pale nimekusikia ukisema ulikuwa kama unamshonea mteja nguo. Filamu nzima, kitu kimoja tu nilichokuwa na hakika nacho ni hicho. Nilikwenda mpaka nyikani kufuata ng'ombe, nikaogeshwa na umande, nikarudia, nikafuta, na nilipokata tamaa nilijiambia, angalau pale mwisho hakuna uongo. Sasa sijui nilichopiga ni nini."

Mwanamke mmoja alipita na mkungu wa ndizi kichwani. Wakamsalimia wote wawili. Wakangoja apite.

"Ulitaka niseme nini?" Katusiime aliuliza. "Niseme ilikuwa kweli, tuwe ndugu, uende ukalime kwa baba, mimi nikupikie kama dada?"

"Sikujua wewe utasema nini."

"Ulijua. Ulitaka mimi nikuokoe, halafu wewe ubaki msafi."

Hilo lilimpata. Mucyo aligeuka akatazama kilima cha ng'ambo, mabati ya kanisa yaking'aa kule juu. Katusiime akaona shati lake limelowa jasho mgongoni, na akataka kuweka mkono pale, na hakuuweka.

"Nitakuambia kitu," Katusiime akasema. "Nitakuambia mara moja, kisha hatutakisema tena."

Mucyo hakugeuka, lakini bega lake lilisikiliza.

"Wewe ulikuwa hujui omukago ni nini. Mimi nilijua. Nimekua nikiambiwa ile nyumba ya kilimani usicheze na wavulana wao kwa namna nyingine, wale ni kaka zako. Ulipoitoa ile kahawa nilijua unachofanya kuliko wewe. Ningeweza kukuambia. Ningeweza kuitema, ungekata kile kipande, hakuna mtu angejua. Siku ile asubuhi baba alikuwa ameniambia hapana. Si ile hapana ya kila siku. Aliita jina langu la ubatizo. Nikajua imekwisha, sitaolewa na wewe. Nikaja kwenye kibanja cha shangazi nikiwa najua ni siku ya mwisho. Na wewe ukasimama pale na mkono wako unatoka damu, ukaniambia usiigize. Nikasema moyoni, kama hatakuwa mume wangu, basi awe kitu ambacho hawawezi kuniondolea. Nikameza."

Mucyo aligeuka.

"Nilimeza yote," Katusiime alisema. "Nikitaka. Halafu baba akaugua, na wewe ukaenda na uji wako, na baba akakubali. Nikawa nimejifungia nje mwenyewe. Ndiyo maana nilikuambia lete ile yenye ngoma."

Katusiime alijifuta uso kwa kiganja, haraka, kama mtu anayefukuza inzi.

"Kwa hiyo leo," Mucyo akasema polepole, "ulipomwambia shangazi…"

"Nilimdanganya mtu aliyenilea. Kama mbele ya madhabahu. Kwako hii ni desturi nzuri uliyosimuliwa na mzee. Kwangu ni kitu kilichopo. Nitaolewa nikijua. Nikipata mtoto akiugua homa, nitajua. Shangazi akiniangalia kwa namna fulani, nitajua."

"Shangazi anajua tayari."

"Labda. Hakuuliza mara ya pili."

Upepo ulishika migomba, na ile sauti ya kwenye filamu ikawa imewazunguka, na kwa mara ya kwanza tangu sebuleni wakatazamana bila mtu wa tatu. Mucyo hakumgusa. Alimtazama tu, macho, paji la uso, shingo, kama mtu anayehesabu vyake baada ya mafuriko kuona kilichobaki.

"Unaweza kuacha," akasema. "Nikimwambia mama yangu asije, watasema mimi ndiye niliyeshindwa mahari. Hutaonekana vibaya. Na hutahitaji kubeba hilo."

"Ningetaka kuacha ningesema kweli kule ndani. Ilikuwa rahisi." Sauti yake sasa ilikuwa ya chini, haina hasira tena. "Nimekuchagua mara mbili, Mucyo. Mara ya kwanza nilipojua nakukosa. Mara ya pili leo, na umeona nimekulipia nini. Ya tatu chagua wewe. Ila ukija, uje ukijua unaingia wapi. Usije na huo usafi wako."

Mucyo aliinamia pikipiki. Akalitoa lile jiwe chini ya stendi, akalitupa kwenye mtaro. Aliushika usukani kwa mikono miwili na kwa muda alionekana kama mtu anayesahau jinsi ya kuiwasha. Katusiime alingoja. Alijiambia akiondoka bila kusema kitu sitamfuata, nitarudi nyumbani nikaoshe vyombo, na alijua kwamba angeviosha kweli, kimoja kimoja, na kwamba ingekuwa jioni mbaya kuliko zote.

"Jumamosi ni saa ngapi?" Mucyo aliuliza.

"Saa nne. Mama yako asichelewe, baba hapendi."

"Na shangazi akiniuliza tena? Akiniweka pembeni?"

"Utamwambia ulikosea Jumapili. Kwamba ulisema vile kwa sababu ya kuipenda kazi yako. Kwamba na wewe uliigiza."

"Hatakubali. Ananiona usoni."

"Anakuona, ndiyo. Mtu yeyote anakuona. Wewe huwezi kuigiza hata kidogo."

Mucyo alipiga kiki, injini ikashika, na ikabidi aongeze sauti ili amfikie.

"Nitajifunza," akasema.